Ni Mimi Niliyekuchongea, Bi Zuwena

Ibra, baada ya sala ya Alasiri

Bi Zuwena, mwalimu wangu,

Shikamoo. Najua hutaitika, lakini tangu nilipokujua sijapata kuanza neno na wewe bila ya shikamoo, na sasa sijui kuanza vyengine.

Miezi mitano imepita tangu tukuzike. Nyumba yako kaipanga mwalimu wa skuli kutoka Misri, na mkewe kaanika nguo pale pale ulipokuwa ukianika bandeji. Zahanati wameipaka rangi ya samawati. Barabara ya kwenda Sur imetiwa lami mpaka mwisho. Na redioni walitangaza kuwa serikali yetu na ya Warusi zimekubaliana kupelekeana mabalozi. Wewe ulikuwa hai siku ile, umekaa kwenye mkeka unachambua mchele. Nilikutazama usoni kuona utafanya nini. Uliendelea kuchambua mchele. Kukutazama kwangu kule, Bi Zuwena, ndiko kulikonifanya niandike barua hii, kwa sababu hata baada ya miaka yote ile nilikuwa bado nakupeleleza.

Nakumbuka nilivyokuja kwako. Nilikuwa na miaka kumi na minane, nimetoka Unguja na Ami Seif, ndugu wa baba yangu, tukapitia Dar es Salaam na Dubai mpaka tukafika kwenye mji wa mababu ambao hakuna hata mmoja wetu aliyewahi kuuona. Wenyeji wakituita Wazinjibari. Wanawake wao wamevaa barakoa, sisi tuna buibui na kanga chini yake, na Kiarabu chetu kikiwachekesha. Ulipotafuta msichana wa kukusaidia ukunga zahanati, anayejua kusoma na asiyeogopa damu, Ami Seif alinileta. Ulinitazama mikono kabla ya uso. Ukaniambia nikate kucha.

Wewe nawe ulikuwa Mzinjibari mwenzetu, na uliwaambia watu umesomea Cairo. Mimi niliamini mwezi mmoja tu. Kila asubuhi tulinawa mikono pamoja mpaka kwenye viwiko, na wewe ukihesabu polepole ili nisiharakishe, na kuhesabu kwako hakukuwa kwa Kiarabu wala kwa Kiingereza. Chai yako ukinywa bila ya sukari, na pembeni kijiko cha jamu ukiramba kidogo kidogo, jambo ambalo sijaliona kwa Mmisri yeyote. Na mwanamke akishikwa na uchungu ulimshika paji la uso ukimwambia, dishi, dishi, dishi. Wanawake wa Ibra walidhani ni neno la Kizinjibari. Sisi wa Unguja tulidhani ni dua. Baadaye walianza kuambizana wenyewe, mama akimwambia bintiye, dishi, na bila ya shaka wengine mpaka leo wanaitikia amin.

Nilianza kukuhesabia mambo yako. Kila baada ya miezi mitatu minne ulipanda gari kwenda Sur, kwa familia moja ya wafanyabiashara ambao watoto wao wako Kuwait, na ukirudi ulikuwa na barua zilizopitia huko. Siku moja niliiona bahasha, stempu yake ina mwanamke aliyevaa kilemba cha kitambaa, kabeba mganda wa ngano. Halafu asubuhi moja uliniambia nikuletee mkasi kwenye mkoba wako. Chini ya mkasi kulikuwa na daftari lenye jalada la kahawia. Nikalifungua. Herufi nyengine kama za Kiingereza, nyengine zimegeuzwa nyuma mbele, kurasa nzima nzima, kwa mwandiko wako mdogo ulionyooka. Nikashuku ni Kirusi, nikalifunga nikakuletea mkasi. Uliuliza kama nimekula. Nikakuambia nimekula.

Wajua siku zile zilivyokuwa. Vita vya Dhofar vilikuwa havijesha. Kila nyumba ilikuwa na kijana huko, na kila mtu alijua silaha za wale wa upande wa pili zinatoka kwa Warusi. Sisi tuliokuja kutoka Afrika tulikuwa tukitazamwa mara mbili, na karatasi zetu za uraia zilikuwa bado ziko Maskati, mezani kwa mtu tusiyemjua. Ami Seif alikuwa akisema kila tukikaa kula: tumefika hapa juzi, mmoja wetu akitutia doa, sote tutarudishwa bandarini, na huko tulikotoka hatuna pa kurudi.

Nilikaa na jambo lile wiki mbili. Nilijiambia nitakuuliza. Nilifungua mdomo mara moja, tukiwa tunakunja bandeji, ukainua macho, nikakuuliza kama kutakuwa na mvua.

Nikamwambia Ami Seif.

Sikulazimishwa na mtu. Nilimwambia kwa hiari yangu, saa nne asubuhi, kwenye ua wa nyumba yetu, naye alikuwa akirekebisha kiti. Alikiacha kiti. Akaniuliza kama nina yakini. Nikasema ninayo. Sikuwa na yakini ya chochote isipokuwa sura za zile herufi.

Ami Seif alilifikisha neno kwa wakubwa, na siku ya nne likaja gari, wakashuka watu wawili wenye adabu. Walikusalimia, wakakungoja umalize kumfunga mtoto kidonda, wakakuomba uchukue daftari lako na barua zako. Ulivaa buibui lako. Ukanipa funguo za kabati la dawa ukasema, "Mtazame Moza. Mtoto kakaa vibaya. Akianza, mwite daktari wa Nizwa mapema."

Walikuweka huko siku kumi na tisa.

Moza, jirani yetu wa upande wa mfereji wa falaji, alianza siku ya kumi na moja. Ilikuwa asubuhi, na mvua ilikuwa imenyesha milimani, mabonde makavu ya wadi yanapita maji, na gari la kumfuata daktari wa Nizwa likasimama ng'ambo lisiweze kuvuka. Mtoto alikuja kwa makalio. Nilikuwa nimekuona wewe ukifanya mara mbili, lakini kuona ni kuona. Nilimwambia dishi, dishi, mpaka sauti ikanikauka. Kiwiliwili kilitoka, kichwa kikakwama, nami sikujua pa kutia vidole. Kilipotoka, mtoto alikuwa amekwisha kufa. Moza alivuja damu mpaka Adhuhuri, nikambana kwa ngumi kama ulivyonifundisha, akapona. Wanawake walimfunga mtoto kwa bafta wakamtoa. Moza alipozinduka walimwambia asiulize kitu, amshukuru Mungu kwa uhai wake.

Uliporudi ulikuwa umekonda, na daftari lako mkononi. Wenyewe walikurudishia. Sikuelewa kwa nini, na badala ya kupata faraja nikazidi kushuku: nilijiambia labda wamekuachia makusudi, wakuone utakwenda kwa nani. Baadaye ikaja barua kuwa huruhusiwi tena kuwa mkuu wa zahanati, na kuwa kazi ya ukunga atapewa msaidizi aliyekuwapo. Msaidizi aliyekuwapo ni mimi. Nikakaa kwenye kiti chako, na wewe ukachemsha vyombo.

Nilikusimulia habari za Moza huku nikitazama chini. Hukunigombeza. Ulichukua mdoli wa kitambaa, ukachukua chungu kilichovunjika chini, ukanionyesha: kidole hiki hapa, kwenye taya la mtoto, na mkono wa pili nyuma ya shingo, wala usivute. Ulinifanyiza mara ishirini siku ile. Kesho yake mara ishirini tena. Moza alipopata mimba nyengine mbili, wewe ndiye uliyemzalisha, mimi nimekaa kwenye kiti cha ukubwa.

Halafu siku ile ya kuchemsha mikasi. Hatukuwa tunazungumza lolote. Ukasema, bila ya kugeuka, "Raya, siku nyengine ukiwa na shaka na mimi, niulize mimi. Nitakujibu."

Ulikuwa ukijua.

Nilishika koleo, nikatoa mkasi mmoja mmoja kwenye maji, nikaupanga kwenye sinia. Nilingoja uendelee. Hukuendelea siku ile, wala mwaka ule, wala miaka iliyofuata. Ulinifundisha kila ulichokijua, na kila wema wako niliutazama chini juu. Ukiniletea halua nilijiuliza unataka nini. Nilipoumwa na homa ukaniuguza wiki nzima, nami nilikuwa nakutazama kwa jicho nusu, nikisema moyoni, huyu ananingoja. Mtu aliyemtendea mwenziwe ubaya hawezi kuamini kuwa mwenziwe hana ubaya wa kumrudishia. Mimi niliishi hivyo karibu miaka kumi, na wewe ukinipikia.

Siku zako za mwisho, pumzi imekuwa fupi, ulimwambia shangazi yako aliyekuwa akikuuguza, daftari apewe Raya. Nilikuosha kwa mikono hii. Nikakuvisha sanda. Kisha nikarudi nyumbani nikakaa na daftari ambalo lilinifanya nikuchongee, na bado sikuwa naweza kulisoma.

Nilingoja miezi miwili. Nilikuwa naogopa, hata sasa, hata na mabalozi wao. Lakini spitali ya Nizwa kuna daktari mwanamke wa Kisudani, Daktari Ihsan, na nilisikia kuwa alisomea huko kwa Warusi. Nikapanda teksi. Nilimfikia na daftari limefungwa kwenye kanga mbili, nikamwambia mimi ni mkunga wa Ibra, na nina maandishi ya marehemu. Kwanza alinishuku yeye mimi. Aliniuliza nimetumwa na nani. Nilimwambia sijatumwa, na kwa mara ya kwanza nikamsimulia mtu nilichokufanyia. Akanyoosha mkono alipokee daftari.

Alinisomea Alkhamisi tatu, nyumbani kwake, chini ya feni, akigeuza kwa Kiarabu, nami nikiandika kwa Kiswahili. Kabla hatujaanza nilimuuliza maana ya dishi. Alicheka mpaka akafuta machozi. "Pumua," akasema. "Ni pumua tu."

Bi Zuwena, mimi nilidhani mle mna majina ya watu na njia za kuingizia bunduki. Mlikuwa na bibi kizee mmoja.

Anaitwa Bibi Nyura. Alikuwa akisugua ngazi za dakhalia mliyokaa wanafunzi, katika mji wa viwanda vya nguo, safari ndefu ya treni kutoka Moscow. Zamani alikuwa mfumaji mpaka masikio yakamharibika kwa kelele za mitambo. Umeandika kuwa alikuona unatetemeka kwa baridi ngazini, akakuvua viatu vyako vya ngozi nyembamba akakuvisha vya sufu vya kwake. Ukawa unamwandikia maneno yake, kwa sababu yeye hakutaka yawe kwa mwandiko wake. Alikuambia: wewe mgeni utaondoka nayo.

Daktari Ihsan alinisomea habari za nyanyake Nyura, aliyezaliwa mtumwa wa shamba, akihesabiwa pamoja na ardhi, na bwana wake ndiye aliyemchagulia mume. Siku ya harusi baba yake alimgusa kwa mjeledi mgongoni, kisha akamkabidhi bwana harusi ule mjeledi. Hapo pembeni umeandika kuwa ulimwambia Nyura na kwetu watumwa walikuwapo, na kwamba babu yako mwenyewe alikuwa nao. Sikuwa najua kuwa jambo lile lilikuwa likikukaa moyoni. Na sisi nyumbani kwetu tulikuwa nao. Sijapata kuliandika mpaka leo.

Kisha mamake, aliyejifungua kando ya mtambo na kurudi kazini siku ya tatu, na ambaye mwaka wa njaa ya mkate alitoka barabarani na wanawake wenziwe wa kiwandani. Na miji mingine ilikuwa hivyo hivyo, mpaka mfalme wao akaanguka. Wakaja watu wa hotuba. Wakawafundisha wanawake kusoma, wakafungua nyumba za kulelea watoto, talaka ikawa karatasi tu. Nyura alikuwa msichana, aliamini yote. Baada ya miaka michache wakatangaza kuwa suala la wanawake limekwisha, wakaifunga idara yake. Na wewe, mwalimu wako darasani alikuwa akikufundisha maneno yale yale, kuwa limekwisha, ukayapeleka kwa Nyura, naye akashusha ndoo yake akasema, "Walinipa kazi ya mwanamume. Mwanamume hawakumpa yangu."

Umeandika kuwa ulikwenda kuhesabu mwenyewe. Spitali mliyofunzwa, madaktari karibu wote wanawake, na mkuu wao mwanamume, na mkuu wa mkuu mwanamume. Umeandika kuwa bintiye Nyura ni mhandisi, akitoka kazini anapanga foleni ya nyama, kisha anapika, kisha anafua, na mumewe kalala na gazeti. Binti yule alizaliwa baada ya vita, wakati wanaume wamemalizikia vitani na wanawake wakijifunga wenyewe jembe la kukokotwa. Babake alikuwa mume wa mwanamke mwengine, na sheria ya wakati ule haikumruhusu mtoto wa namna ile kuwa na baba. Kwenye cheti chake, mahali pa jina la baba, walichora mstari. Nyura alikuonyesha cheti. Umeuchora ule mstari kwenye daftari.

Nilianza kuona, nikisikiliza, kuwa wewe ulikuwa mtu wa shaka kuliko mimi. Ulikuwa hukubali kwa Warusi kuwa wamemkomboa mwanamke, wala hukubali kwetu kuwa mwanamke hana haja ya kukombolewa. Ila wewe shaka yako uliipeleka kwa mwenyewe, ukamuuliza uso kwa uso. Mimi yangu niliipeleka kwa ami yangu.

Alkhamisi ya tatu tukafika kwenye habari za mume wa Nyura. Walikuwa wakikaa nyumba moja na familia nne, jiko moja. Jirani mwanamke alimchongea mume huyo wa Nyura kwa neno alilolisema jikoni. Wakaja wakamchukua, hakurudi. Na Nyura na jirani yule wakaendelea kupika kwenye jiko lile lile miaka ishirini, kwa sababu hakuna aliyekuwa na pengine pa kwenda. Ulimuuliza alimsamehe vipi. Daktari Ihsan alisoma jibu lake mara mbili, maana alinitazama akaona sikulisikia.

"Sikumsamehe. Mtoto wake nilimfundisha kutembea, kwa sababu mtoto alikuwa na haja ya kutembea."

Daktari Ihsan alifunga daftari. Aliniletea maji. Nilirudi Ibra ile jioni na dereva akanisemesha njia nzima, sikumbuki alisema nini.

Kwa hiyo sasa sijui. Zamani nilishuku kuwa unangoja kulipiza kisasi. Sasa nashuku kuwa hukunisamehe hata siku moja, kuwa wanawake wa Ibra walikuwa na haja ya mikono na mimi ndiye niliyekuwa nayo, basi ukaifundisha mikono. Halua je? Homa yangu je? Nayapima, yanakwenda huku na huku. Ulinipa ruhusa ya kukuuliza, na ningekuuliza siku ile ile ungenijibu. Nimeiacha ruhusa ile mpaka mtu wa kujibu kaondoka.

Juzi Jumatano nilikwenda soko la wanawake. Moza anauza wanja na nyuzi za kutarizi, mahali pake palipo karibu na ukuta. Wanaume hawaingii mle, nikasema kama nitalisema, nilisemee humo. Nilikaa kwenye mkeka wake nikamwambia kwa Kiarabu: siku ile Bi Zuwena hakuwapo kwa sababu nilimchongea, na mwanao alikufa mikononi mwangu kwa sababu yeye hakuwapo. Barakoa haikunionyesha uso wake. Mikono yake iliacha kupanga.

Aliniuliza, "Alikuwa mwanamume au mwanamke?"

Hakuna aliyekuwa amemwambia, Bi Zuwena. Miaka yote ile.

Nikamwambia mwanamke. Akauliza kama alikuwa na nywele. Nikamwambia alikuwa nazo nyingi, nyeusi, zimelala mpaka kwenye shingo. Akaja mteja, akampimia nyuzi, mteja akaondoka. Kisha akaniambia niondoke mkekani kwake, na nisikae tena hapo. Nikaondoka. Sikumuomba kitu. Hiyo ni haki yake, na sitaizunguka.

Ami Seif nimemwambia pia kuwa nimesema. Kazeeka, alilia. Kataka nimtaje yeye nisijitaje mimi. Nimekataa.

Mwalimu wangu, nakuaga hapa, jua limeshuka kwenye ukuta na wasichana wangu sita ninaowafundisha ukunga wananingoja darasani. Maneno ya Bibi Nyura nimeshayaandika kwa Kiswahili mpaka nusu. Nakuahidi nitayamaliza, na nitawasomea wasichana hawa, na nitawaambia ulisomea wapi kwa jina la nchi yenyewe, si Cairo. Na mwisho wa daftari kuna kurasa tupu. Nitaandika hapo nilichokifanya mimi, kwa mwandiko wangu, na chini yake nitatia jina langu kamili na la baba yangu.

Mungu akupe nafasi kaburini, akulaze na walio wema. Pumzika.

Mwanafunzi wako,
Raya